Mjusi wa mwanangu anatetemeka vidole na taya limelegea. Je, ni kifafa?

*Daktari, shikamoo.*

*Mimi ni mzaliwa wa Tanga, nipo Leicester, Uingereza, mwaka wa 9 huu. Nina watoto wawili: Swaleh ana miaka 11, na mdogo wake hajatimiza 3. Nakuandikia habari ya mjusi, na najua wapo watakaonicheka. Kwetu mjusi kafiri akionekana ukutani, kandambili ndiyo inayompokea. Lakini huku watoto hufuga mijusi kama sisi tulivyofuga njiwa.*

*Swaleh alitusumbua mwaka mzima. Agosti iliyopita baba yake akachoka, akamnunulia mjusi wa Kiaustralia, yule mwenye miiba shingoni ambaye akikasirika huvimbisha koo likawa jeusi kama ndevu. Alikuwa na miezi 2, mrefu kama kalamu. Tukamwita Sultani kwa jinsi anavyojilaza juu ya gogo lake mchana kutwa akitutazama kwa dharau.*

*Tangi lake la kioo, sentimita 60, tulipewa na jirani ambaye mjusi wake alikufa. Tulipewa pamoja na taa ya tyubu na globu nyekundu ya joto, na vyote vinawaka vizuri. Dukani waliponiona na picha za vifaa hivyo wakasema vinatosha. Tangi nimeliweka dirishani sebuleni ili apate na jua. Chakula chake ni saladi, nyanya, mchicha wa kugandishwa ninaonunua duka la Waafrika, na mabuu makavu ya kopo. Nzige hai nilikataa wasiingie nyumbani mwangu, nakiri. Unga wa kalsiamu tulinunua, lakini ukinyunyiziwa kwenye saladi hali, tukaacha.*

*Desemba Swaleh alinijia jikoni mbio: "Mama, Sultani ananipungia mkono!" Nikaenda kutazama, kweli vidole vya mkono mmoja vinacheza. Tukacheka, tukamrekodi, tukamtumia bibi yake Tanga. Sasa ni Februari na vidole vinacheza hata akiwa amelala. Tumbo halinyanyuki tena, akitembea anaburuta miguu ya nyuma kama nguo iliyolowa. Paja moja limevimba. Juzi nilipomfuta mdomo kwa pamba nikahisi taya la chini linabonyea kama mpira. Nimempima kwenye mizani ya keki, gramu 118. Leo siku ya 2 hajala, siku ya 6 hajaenda haja.*

*Kila mtu ana dawa yake. Shangazi yangu anasema nisage ganda la yai. Rafiki yangu anasema nimpe vidonge vya kalsiamu na vitamini D nilivyobaki navyo tangu nina mimba ya huyu mdogo. Mume wangu alipiga simu kliniki moja ya wanyama, wakamjibu hawatibu mijusi, sasa anasema tumtoe bustanini akafe kwa amani. Mwanangu amehamishia godoro lake chini ya tangi. Daktari, je, hiki ni kifafa? Atapona? Na je, kinaambukiza? Nina mtoto mdogo ndani.*

*Mama Swaleh, Leicester*

---

Marahaba, Mama Swaleh. Nianze na yanayokunyima usingizi. Si kifafa, na hakuna mtu atakayeambukizwa. Vidole vinavyocheza, tumbo lisilonyanyuka, paja lililovimba, taya la mpira, choo kilichokwama: vyote vinaelekea mahali pamoja, nako ni ugonjwa wa mifupa laini. Mwili umeishiwa kalsiamu, ile ambayo wafugaji wa kuku wanaiita chokaa. Unawapata sana mijusi, vinyonga na kobe wanaofugwa ndani ya nyumba, na karibu kila mara chanzo chake ni taa na chakula.

Sasa weka safu hii chini, upige simu. Mjusi anayetetemeka ni mjusi ambaye kalsiamu ya damuni imeshashuka, na hiyo haingoji Jumamosi. Kliniki iliyomjibu mumeo haikumkosea, madaktari wengi huko shughuli yao ni mbwa na paka. Piga nyingine, na swali la kwanza liwe: mna daktari anayetibu reptilia, yaani jamii ya mijusi na kobe? Wakisema hawana, waulize wao wagonjwa wa aina hiyo huwapeleka kwa nani. Uliza na gharama kabla ya kwenda, na kama mnaweza kulipa kidogo kidogo. Hayo ni maswali ya kawaida, hakuna atakayekushangaa.

Kumbeba ni kazi ya uangalifu. Mifupa yake hivi sasa inaweza kuvunjika kwa kushikwa tu. Usimnyanyue kwa kwapa wala kwa mkia. Pitisha kiganja kimoja chini ya kifua na kingine chini ya nyonga, umhamishe wote kwa pamoja, kama unavyohamisha chapati mbichi kwenda kikaangoni isichanike. Mlaze kwenye boksi dogo lenye taulo, na pembeni weka chupa ya maji ya uvuguvugu iliyofungwa kitambaa, maana Februari ya Leicester itampoza kabla hamjafika kituo cha basi. Usimfungue mdomo kwa nguvu umlishe. Taya ulilolibonyeza juzi linaweza kukatikia vidoleni mwako. Na kabla hujatoka, piga picha tangi lote, taa zote, na maandishi yaliyo kwenye tyubu. Daktari atajifunza mengi kwenye picha hizo kuliko kwa maelezo ya nusu saa.

Vidonge vyako vya ujauzito virudishe kabatini. Vipimo vile vilipangwa kwa mwanamke mzima, na Sultani ana gramu 118. Vitamini D ikizidi haitoki na mkojo kama vitamini C. Hubaki mwilini na kuifanya kalsiamu igande kwenye figo na mishipa ya damu, na hapo utakuwa umemtoa kwenye ugonjwa unaotibika ukamtia kwenye usiotibika. Ganda la yai la shangazi halina sumu, ni chokaa halali kabisa. Lakini kwa mnyama aliye katika hali hiyo ni sawa na kumpelekea mtu mwenye njaa gunia la mahindi lililofungwa: chakula kipo, mlango wa kukiingiza mwilini haupo. Huo mlango nitauelezea.

Mimi nilisomea utabibu wa mifugo Morogoro, kwenye Chuo Kikuu cha Sokoine cha Kilimo, na mgonjwa wa kwanza wa upungufu wa kalsiamu niliyemwona hakuwa mjusi, alikuwa ng'ombe wa maziwa. Alizaa jioni, asubuhi amelala chini, shingo kaikunja ubavuni, masikio ya baridi, misuli ya mapaja inatetemeka. Mwenye ng'ombe alikuwa ameshaita mchinjaji. Mwalimu wangu akatundika chupa ya kalsiamu borogluconeti, akaiingiza kwenye mshipa wa shingo taratibu huku sikio lake likisikiliza moyo, na kabla hatujamaliza kukunja mpira wa dripu ng'ombe akapiga chafya, akajikusanya, akasimama. Wafugaji wanaiita homa ya maziwa ingawa haina joto lolote la homa. Tangu siku ile, nikiona mnyama anatetemeka na kulegea, kalsiamu ndiyo mshukiwa wangu wa kwanza.

Tofauti ni kwamba ng'ombe yule alipungukiwa usiku mmoja, maziwa yalipoanza kumtoka kwa wingi. Sultani amepungukiwa miezi 6, kidogo kidogo. Moyo na misuli haviwezi kufanya kazi hata dakika moja bila kalsiamu kwenye damu. Ikikosekana ya kutoka tumboni, tezi ndogo za shingoni ziitwazo parathiroidi hutoa amri: ichukuliwe mifupani. Mwenye duka anajua hali hii. Mauzo hayaji, kodi inadaiwa, basi anakula mtaji. Duka linaonekana liko wazi, rafu zinaendelea kupungua. Mwili ukijaribu kuziba pengo hujaza nyuzinyuzi laini mahali pa mfupa, ndiyo maana paja limevimba huku ndani halina nguvu, na ndiyo maana taya linabonyea. Vidole vilipoanza kucheza Desemba, mtaji ulikuwa unakaribia kwisha.

Lile la kupunga mkono lisikutie aibu. Watoto wa mijusi hawa kweli hupunga. Hunyanyua mkono mmoja, wakauzungusha pole pole hewani, ukarudi chini, na maana yake kwa mjusi mkubwa ni "nimekuona, sina ubaya". Swaleh hakudanganya, alisoma tabia anayoijua. Tofauti ni kwamba kupunga ni mkono mzima na mnyama ameamua. Mtetemo ni wa vidole au msuli mmoja, wa haraka haraka, na unaendelea hata akiwa amelala. Ile video mliyomtumia bibi msiifute. Mwonyeshe daktari, itamwambia ugonjwa umeanza lini.

Kliniki watampiga picha ya eksirei. Mfupa mzima hutokea mweupe mkali, wa Sultani utaonekana umefifia kama picha iliyokaa juani, na humo watatafuta mivunjiko, hasa ya mapaja na ya uti wa mgongo. Wakiweza watampima damu. Mtetemo ukiwa mkali huchomwa sindano ya kalsiamu, kisha huendelea na kalsiamu ya maji ya kunywa nyumbani kwa wiki kadhaa, maji ya kumrudishia unyevu mwilini, dawa ya maumivu kama kuna mvunjiko, na uji wa lishe kwa bomba la sindano ambao wao watakuonyesha namna ya kumpa bila kumvunja taya. Fuata dozi waliyoandika hata kama matone yanaonekana machache mno.

Atapona? Nikitazama barua yako, matumaini yapo. Ni mchanga, dalili za miguu hazijakaa muda mrefu, na kukosa chakula ni kwa siku 2 tu. Mtetemo unaweza kutulia ndani ya siku chache. Mifupa hukaza kwa miezi. Lakini kilichopinda kimepinda: taya linaweza kubaki limekaa upande, na mguu ukabaki umepinda. Wapo mijusi wengi wanaoishi miaka na vilema hivyo, wanakula, wanaota joto, wanadharau watu kama kawaida. Pale ambapo eksirei itaonyesha mgongo umevunjika na hawezi kwenda haja, daktari atakuambieni ukweli, na kumlaza usingizi wa mwisho kwa sindano ndiyo itakuwa huruma. Baba Swaleh anataka Sultani afe kwa amani, naheshimu nia yake, ila kupoa pole pole bustanini mwezi wa Februari hakuna amani ndani yake. Kisha ajue kwamba kwa Sheria ya Ustawi wa Wanyama ya 2006, inayotumika Uingereza na Wales, mnyama wa mtoto aliye chini ya miaka 16 wajibu wake uko kwa mzazi. Mjusi anaweza kuwa wa Swaleh kwa mapenzi. Kwa sheria ni wenu.

Nije kwenye taa, maana ndiko tatizo lilikoanzia, na ndiko wengi wanakodanganyika.

Ule mlango niliousema ni huu: kalsiamu ikishamezwa haipenyi utumbo vizuri bila vitamini D3. Mjusi huyu wa Australia hujitengenezea vitamini hiyo kwenye ngozi, kwa mionzi ya urujuanimno ya kundi la UVB, kisha joto la mwili huikamilisha. Inahitaji vyote viwili, mionzi na joto. Kwao, kwenye nyika kame za bara la Australia, vyote viwili vinatoka kwenye jua moja. Ndani ya nyumba tumevitenga: globu inatoa joto, tyubu inatoa mionzi, na macho yetu hayaoni kimoja wala kingine. Tunaona mwanga tu, tunasema taa inawaka.

Globu yako nyekundu inatoa joto, UVB haina hata chembe. Dirisha linampa mwanga mzuri wa kupigia picha, lakini kioo cha kawaida huzuia karibu UVB yote, na kioo cha tangi kinazuia tena iliyobaki. Hata angekaa dirishani Tanga saa 6 mchana mambo yangekuwa yale yale, tena huko joto la tangi lingemuua kabla ya ukosefu wa vitamini. Na tyubu ya jirani, naomba uamini, haifanyi kazi uliyodhani inafanya. Tyubu ya UVB huendelea kuwaka miaka, ila mionzi yenyewe hufifia, ndiyo maana nyingi hushauriwa zibadilishwe kila baada ya miezi 12 au karibu na hapo. Yako ilikuja mzee, na mjusi wa kwanza kukaa chini yake alikufa. Simlaumu jirani, alitoa kwa moyo mweupe. Mwenye duka ndiye angeuliza tyubu ina umri gani kabla ya kusema inatosha.

Jambo hili wewe unalijua tayari, Mama Swaleh, kwa njia nyingine. Mwanao mdogo alipozaliwa ulishauriwa umpe matone ya vitamini D, sivyo? Kuanzia Oktoba hadi mwanzoni mwa Machi jua la Uingereza liko chini mno, ngozi ya binadamu haiwezi kujitengenezea vitamini hiyo, na serikali yao inashauri kila mtu afikirie kutumia mikrogramu 10 kwa siku kipindi hicho. Wenye ngozi nyeusi kama sisi wanashauriwa mwaka mzima. Mtoto akiikosa hupata matege. Mjini Berlin, daktari Kurt Huldschinsky aliwaweka watoto wenye matege mbele ya taa ya urujuanimno, mifupa ikaanza kukaza, akachapisha matokeo yake mwaka 1919. Sultani ana matege, hakuna jina jingine zuri zaidi. Australia hairuhusu wanyama wake wa asili kuuzwa nje kibiashara, kwa hiyo huyu hajawahi kuiona nchi hiyo. Kazaliwa kwenye kizimba huko huko Ulaya. Ngozi yake ndiyo haijapata habari. Bado inadai jua la kwao, kama ya Swaleh inavyodai la Tanga.

Kwa hiyo nunueni tyubu mpya ya UVB, ndefu, ya aina ya T5, iliyoandikwa asilimia 10 hadi 12 kwa wanyama wa jangwani. Ifike nusu ya urefu wa tangi au theluthi mbili, iwe upande ule ule wa globu ya joto, ili akiota joto awe anaota na mionzi. Umbali kutoka tyubu hadi mgongoni mwake fuateni maandishi ya kiwanda, mara nyingi huwa kati ya sentimita 30 na 40. Kama tangi lina mfuniko wa wavu na tyubu imekaa juu ya wavu, wavu mwembamba unaweza kula theluthi ya mionzi au zaidi, hivyo ni afadhali tyubu ifungwe ndani. Pasiwe na kioo wala plastiki katikati. Taa ziwake saa 12 hadi 14, kisha giza kamili. Hiyo nyekundu ya usiku haina kazi. Mnyama wa jangwani amezoea usiku wenye baridi kidogo, na nyumba yenye hita haifiki pabaya. Mchana weka globu nyeupe ya kawaida ya kuotea joto. Gogo lililo chini yake lifike nyuzi 38 hadi 42, upimwe kwa kipimajoto pale pale anapolala, na upande wa pili wa tangi ubaki kwenye 22 hadi 26 ili akichoka na joto apate pa kukimbilia. Kwa sasa teremsheni gogo liwe karibu na sakafu, asipande, asianguke. Kama sakafuni mwa tangi mna mchanga, utoeni, tandikeni karatasi. Tangi la sentimita 60 lilimfaa utotoni tu. Mkubwa anataka urefu wa kama sentimita 120, lakini hilo lingoje apone, msinunue kila kitu wiki moja.

Dirishani mwondoeni hata hivyo. Kiangazi kikija, siku ya jua kali, mtoeni nje mkiwa naye, kwenye kizimba cha waya chenye kivuli upande mmoja, hata nusu saa. Hilo ndilo jua lenyewe.

Chakula. Mabuu makavu na saladi ile ya maji ni njaa yenye tumbo lililojaa. Wadudu karibu wote wanaouzwa wana fosforasi nyingi kuliko kalsiamu, na fosforasi ikizidi huizuia kalsiamu isiingie. Tunataka kalsiamu iwe angalau mara mbili ya fosforasi, na nyenje peke yake hufanya kinyume kabisa. Ndiyo maana unga wa kalsiamu hauepukiki. Mliunyunyizia kwenye saladi, akaukataa, hata mimi ningekataa. Unga hupakwa kwenye mdudu: tia nyenje au nzige wachache kwenye mfuko wa plastiki, weka kijiko kidogo cha unga, funga, tikisa mara mbili tatu, kama unavyopaka samaki unga wa ngano kabla ya kukaanga. Wakitoka weupe kama vizuka, wape papo hapo kabla hawajajipangusa. Mjusi anayekua apate wadudu wenye unga karibu kila mlo, unga wa kalsiamu tupu. Ule wenye D3 na vitamini mchanganyiko utumike mara chache, na kwa sasa daktari ndiye aseme mara ngapi. Siku moja au mbili kabla ya kuliwa, wadudu wenyewe wapewe majani mabichi na karoti, maana kilichomo tumboni mwao ndicho kitakachofika tumboni mwake.

Najua uliapa nzige hawaingii. Wakae kwenye boksi lao chumbani kwa Swaleh, au mume awahifadhi garini, mtaelewana. Ila mabuu makavu peke yake hayamfai.

Mboga utashangaa, dawa iko jikoni mwako. Sukuma wiki ina kalsiamu nyingi na fosforasi kidogo, na majani ya jamii hiyo hapo Leicester yanauzwa kwa mafungu kila soko. Katakata nyembamba kama ya kupika, mpe mbichi kila siku. Yale majani yenye meno yanayoota kwenye nyasi, yenye ua la njano linalogeuka pamba nyeupe ambayo watoto hupuliza, ni mazuri sana, mradi yasiwe yamepuliziwa dawa. Mchicha, pamoja na mapenzi uliyouwekea, uache. Una oksaleti nyingi, ambazo huikamata kalsiamu tumboni na kutoka nayo chooni. Spinachi na majani ya bitiruti ni vivyo hivyo. Sisi tunakula mchicha na mambo mengine mengi, haituumizi. Yeye ulikuwa ndio mlo wake. Kisamvu kibichi msimpe kabisa, kina sumu kabla ya kupikwa.

Kuhusu mtoto mdogo: ugonjwa wa Sultani haumpati, lakini reptilia wenye afya njema kabisa hubeba bakteria wa salmonela, ambao kwa mtoto wa chini ya miaka 5 si wa kuchezea. Mdogo asimshike wala asicheze karibu na tangi. Swaleh anawe mikono kwa sabuni kila akitoka kwake. Vyombo vyake visioshewe kwenye sinki la jikoni, na mizani ya keki, Mama Swaleh, sasa ni mizani ya mjusi. Nunua nyingine ya keki. Hiyo itawafaa: mpime kila wiki siku moja na saa moja, Swaleh aandike kwenye daftari. Mjusi wa umri wake mara nyingi huwa na uzito mara mbili ya gramu zake au zaidi, na namba zikianza kupanda mtajua mapema kuliko macho yenu.

Wasomaji wawili wa Mombasa na mmoja wa Unguja wameniuliza kuhusu kobe mwenye gamba linalobonyea, niwajibu hapa hapa. Ni ugonjwa huo huo, na anaupata kobe aliyewekwa kwenye beseni chini ya ngazi akilishwa mkate na ugali. Kobe wa uani, mwenye jua, kivuli na majani, ni nadra kuupata. Wala hahitaji taa, mnayo bure juu ya kichwa. Ila mjue kuwa kobe wa porini si wa kuokotwa. Kenya kumweka nyumbani kunahitaji kibali cha Shirika la Huduma kwa Wanyamapori, na Tanzania nako wanyamapori hawafugwi bila leseni. Mpeni taarifa ofisa wa wanyamapori kabla hamjaanza tiba ya kienyeji.

Rudi kliniki kwa eksirei ya pili pale watakapokuambia, kwa kawaida baada ya wiki kadhaa, hata kama kwa macho amepona. Wengi huacha kalsiamu mtetemo ukiisha, na mtetemo huisha mapema sana kuliko ugonjwa. Tyubu mpya ikifungwa, Swaleh abandike kipande cha plasta mwishoni mwake aandike tarehe kwa kalamu ya wino mzito, na mwezi huo huo mwakani ibadilishwe, inawaka haiwaki.

Ile ya zamani usimpe mtu, hata akikuomba. Usiitupe pia kwenye pipa la nyumbani, ndani yake mna zebaki. Ifunge kwenye gazeti isivunjike, uipeleke kituo cha halmashauri kinachopokea taa mbovu.